Mabalozi wa Hispania mjini London: walinda amani au wachochezi wa vita?

Januari 1584 Bernardino de Mendoza, balozi wa Mfalme Philip II wa Hispania, aliitwa mbele ya washauri wa Malkia Elizabeth I na kuamriwa aondoke Uingereza. Alikuwa amejiingiza katika njama ya Francis Throckmorton, iliyolenga kumng'oa Elizabeth na kumweka Mary Stuart, malkia wa Scotland aliyekuwa kifungoni. Tangu hapo hadi amani ya mwaka 1604, Hispania haikuwa na balozi London. Uingereza nayo haikuwa na wake Hispania tangu 1568, pale John Man alipopoteza nafasi yake kwa maneno ya kumkejeli Papa.

Wanaowaona mabalozi wale kuwa majasusi waliovikwa joho la heshima wana hoja nzito. Kabla ya Mendoza alikuwapo Guerau de Spes, naye akaondolewa baada ya kuhusishwa na njama ya Ridolfi ya mwaka 1571, nyingine ya kumng'oa Elizabeth. Mabalozi wawili, njama mbili, na katika zote mbili anatajwa Mary Stuart yuleyule. Wakatoliki wa Uingereza waliokuwa wakibanwa na sheria za Elizabeth walihitaji mlango wa kupitishia barua na fedha, na nyumba ya balozi ilikuwa mlango huo. Waziri wa malkia, Francis Walsingham, hakuwa akiota ndoto alipoitilia shaka.

Lakini tumtazame aliyemtangulia de Spes. Diego Guzmán de Silva alikaa London kuanzia 1564 hadi 1568, na Elizabeth mwenyewe alimpenda. Malkia ni yuleyule, mfalme ni yuleyule, ugomvi wa dini ni uleule, ila mambo yalikwenda. De Spes alipofika, miezi michache tu ikatosha kuyavuruga. Mwishoni mwa 1568 meli za Hispania zilizobeba fedha za kulipa jeshi la Mtawala wa Alba huko Uholanzi zilikimbilia bandari za kusini mwa Uingereza kwa hofu ya maharamia. Ikavuma kwamba Elizabeth anataka kuzichukua fedha zile, ambazo kisheria zilikuwa bado mali ya mabenki ya Genoa. Badala ya kutulia na kuuliza, de Spes alimhimiza Alba akamate mali za Waingereza. Alba akakamata. Elizabeth naye akapata kisingizio safi cha kuzuia fedha na kukamata mali za Wahispania, na biashara kati ya pande hizo mbili ikakwama hadi 1573. Hapa siwezi kuulaumu ubalozi kama taasisi. Namlaumu mtu aliyewaamini wakimbizi na wanung'unikaji kwa sababu walimwambia alichotaka kusikia.

Mendoza alipofukuzwa, serikali ya Elizabeth iliwauliza wanasheria wawili, Alberico Gentili na Jean Hotman, kama angeweza kushitakiwa. Jibu lao likawa kwamba balozi aliyekula njama hafai kuadhibiwa na mwenyeji wake, arudishwe kwao. Mjumbe hauawi, wahenga walishasema, na mwaka uliofuata Gentili alitoa kitabu kizima kuhusu sheria za mabalozi. Mkataba wa Vienna wa mwaka 1961 unashika njia hiyohiyo.

Je, kumfukuza kulisaidia? Kwa usalama wa Elizabeth wa siku zile, ndiyo. Ila Hispania ilibaki gizani. Mendoza, akiwa sasa balozi Paris, alitangaza mwaka 1588 kwamba Armada, kundi la meli zipatazo 130 ambazo Hispania ilizituma kuivamia Uingereza, limeshinda, wakati lilikuwa limekwisha kutawanywa. Balozi aliyekaa London asingedanganyika kirahisi hivyo. Hata hivyo tusiipambe hoja hii kupita kiasi. Uingereza nayo haikuwa na balozi Hispania, lakini Walsingham alipata habari za maandalizi ya Armada kupitia wapelelezi wake. Tena vita havikuja kwa sababu mabalozi waliondoka. Waliondoka kwa sababu uhusiano ulikuwa umeoza tayari.

Ipo pia hatari ya upande mwingine, ambayo watu huisahau: balozi kuzoeana mno na mwenyeji. Rodrigo de Puebla, aliyewawakilisha Ferdinand na Isabella, watawala wa Hispania, kwa Henry VII, mfalme wa Uingereza na babu yake Elizabeth, alilipwa kwa shida na kulalamikiwa na Wahispania wenzake kwamba amegeuka mtu wa mfalme wa Uingereza. Mwaka 1507 Ferdinand alimpa kazi hiyo binti yake Catherine, mjane aliyekwama London kwa mabishano ya mahari.

Miaka mia moja baadaye lawama ziligeuka upande. Safari hii mfalme wa Uingereza ndiye aliyesemwa kuwa mtu wa balozi. Gondomar, balozi wa Hispania kwa James I kuanzia 1613, alichukiwa na Waingereza wengi, hasa baada ya Walter Raleigh, baharia Mwingereza, kukatwa kichwa mwaka 1618 kufuatia shambulio la watu wake dhidi ya Wahispania huko Guiana. Mwaka 1624, akiwa ameshaondoka London, alikejeliwa katika mchezo wa kuigiza siku tisa mfululizo mbele ya watu waliojaa tele, hadi balozi wa Hispania aliyekuwapo wakati huo akalalamika na mchezo ukafungwa. Pamoja na chuki hiyo yote, katika miaka aliyokaa London falme hizo hazikupigana.

Zilipigana baada ya wakuu kuwaruka mabalozi. Mwaka 1623 Charles, mwana wa James, na Buckingham, kipenzi cha mfalme huyo, walisafiri kwa majina ya uongo hadi Madrid kuchumbia binti wa kifalme wa Hispania, jambo ambalo John Digby, balozi wa James huko Hispania, alikuwa amelishughulikia kwa miaka. Charles alirudi bila mchumba, na kufikia 1625 alikuwa mfalme aliye vitani na Hispania. Digby aliitwa nyumbani, akabebeshwa lawama.