Britney Alijitoa au Alitolewa?

"...Baby One More Time" ilipotoka mwaka 1998, Britney Spears alikuwa na miaka 16, binti wa Kentwood, mji mdogo wa Louisiana. Januari 1999 wimbo ukakamata namba moja kwenye Billboard Hot 100, chati kuu ya nyimbo Marekani. Ubishi ukaanza na haujapoa: huyu binti alijitoa mwenyewe, yaani alijipandisha hadi kwenye umaarufu, au kuna watu waliomtoa?

Wanaosema alitolewa hawabahatishi. Wimbo umetungwa na Max Martin wa Sweden, na Britney hakuwa chaguo la kwanza. TLC, kundi la wasichana la Marekani, ndio waliopelekewa, wakaukataa. Maneno "hit me" (nipige) yalisikika kama msichana anaomba kipigo, ilhali inaelezwa kwamba Wasweden walidhani ni lugha ya mtaani ya kusema "nipigie simu". (Sisi wa Kiswahili tuwahurumie: "nipige" na "nipigie" zimetenganishwa na herufi moja tu.) Jive, lebo iliyotoa wimbo, ikayaondoa maneno hayo kwenye jina lake, ikayaacha kwenye kiitikio. Binti akasafirishwa hadi Stockholm, studio za Cheiron, akaingiza sauti kwenye wimbo uliokwisha kuiva.

Lakini sauti hiyo sasa. Kwenye kitabu chake cha 2023 anasimulia kwamba usiku wa kuamkia kurekodi alikesha akisikiliza "Tainted Love", wimbo wa kundi la Soft Cell, makusudi, ili aingie studio koo limechoka. Ule mkwaruzo unaousikia mara tu baada ya zile noti tatu za kinanda ni hesabu yake, wala haukuandikwa na mtunzi.

Na video ni hivyo hivyo. Aliletewa wazo la kikatuni akaligomea. Akataka shule, wanafunzi waliochoka kusubiri kengele, halafu dansi. Nigel Dick akaiongoza, ikapigwa Venice High School, Los Angeles.

Hapa ndipo upande wa "alijitoa" unapojikwaa, kwa maoni yangu. Sare ile ya shule aliyovaa kwenye video, na shati lililofungwa fundo juu ya kitovu, hutajwa kama ushahidi kwamba alijua anachofanya. Sawa, alijua anataka kupendeza na kucheza. Ila waliokuwa na fedha, kamera na sahihi ya mwisho walikuwa watu wazima, na wao walijua zaidi picha ile ingetazamwaje. Kumpa binti sifa ya wazo lake ni haki. Kumtwika lawama ya biashara iliyojengwa juu yake ni kumwonea. Kuanzia 2008 hadi 2021 aliishi chini ya usimamizi wa mahakama, mambo yake yakiamuliwa na wengine, na ndiyo maana leo wengi huitazama video ile kwa jicho la huruma.

Mimi huwa naizima picha, nabaki na sauti. TLC walikuwa na wimbo huohuo mkononi. Mkwaruzo ule hawakuwa nao.