Mdee na kile kiti cha kupanga

Kuna mwaka mbunge wa viti maalum, vile vya wanawake, alikuja mtaani kwetu na vyerehani vinne, vigelegele vikapigwa, picha zikapigwa, gari hiyooo ikaondoka. Dada muuza vitumbua akaninong'oneza, "Hivi huyu ni mbunge wa wapi?" Nikabaki nacheka tu maana hata mimi sikujua, mkoa mzima wanasema ni wake ila hakuna kata inayoweza kumnyima kura, na mfuko wa jimbo, zile hela za maendeleo wanazopewa wabunge wa majimbo, hana.

Ndo maana stori ya Halima Mdee huwa hainitoki kichwani. Aliingia bungeni 2005 kwa viti maalum vya Chadema, chama cha upinzani Tanzania, binti mwanasheria, mdomo hauogopi mtu, halafu akafanya kile wengi wanachokiahidi na hawafanyi, 2010 akaenda kugombea jimbo la Kawe, Dar es Salaam, na akashinda, 2015 akarudia tena, katikati hapo 2014 akawa mwenyekiti wa Bawacha, baraza la wanawake la Chadema. Jamani si ndo tuliambiwa hii ni ngazi? Alipanda kweli.

2020 Kawe ikaenda kwa Askofu Gwajima wa CCM, uchaguzi ambao Chadema waliukataa wote. Tarehe 24 Novemba tukaona picha kutoka Dodoma, Mdee na wenzake 18 wanaapishwa kuwa wabunge wa viti maalum na Spika Ndugai nje kwenye viwanja vya Bunge, chama kinasema hatujapeleka jina hata moja. Siku tatu baadae Kamati Kuu ya chama ikawavua uanachama. Watu wakawabatiza Covid-19, maana walikuwa 19, na hilo jina likaganda.

Sasa hapa ndo pananichosha. Kiti cha viti maalum ni cha chama, kura za chama nchi nzima zinapigiwa hesabu, chama kinapeleka orodha, wewe ni mpangaji. Na Katiba inasema ukipoteza uanachama na ubunge umekwisha. Ila hawa mwenye nyumba kawapa notisi na wakaendelea kulala humohumo! Mei 2022 Baraza Kuu la chama likakataa rufaa yao na kukazia kuwafukuza, wakakimbilia Mahakama Kuu, Desemba 2023 mahakama ikatengua uamuzi wa Baraza kwa sababu waliowafukuza mwanzo walikaa tena kusikiliza rufaa yao, na Bunge likafika 2025 Mdee yupo ndani.

Mimi simtetei, nilikasirika sana, nilimpenda yule wa Kawe. Lakini wanaomtukana yeye peke yake nawashangaa, maana hicho kiti ndo kilivyo, anayekupa ni kikao, anayekunyang'anya ni kikao, mpiga kura anasoma kwenye gazeti. Wakenya wenzetu tangu 2013 wabunge wanawake 47 wa kaunti wanapigiwa kura na wananchi wenyewe, sisemi kule ni peponi, ila ukiuliza huyu mbunge wa wapi unajibiwa.

Dada wa vitumbua hakupata cherehani kwa taarifa yenu. Vyote vinne viko ofisi ya kata, viwili havina sindano.