Kwao steringi, Hollywood mpambe

Katika Hercules ya mwaka 2014, ile ya Dwayne Johnson, kuna mpiganaji anayeitwa Tydeus ambaye hasemi kitu filamu nzima. Anaunguruma, anakata watu kwa shoka, basi. Neno lake pekee ni jina la Hercules, na analitamka akikata roho. Steringi hafi, wapambe ndio hufa, hilo tunalijua tangu enzi za vibanda vya video. Lakini wakati steringi anatunisha misuli, mimi nilikuwa namtazama huyu bubu.

Ni Aksel Hennie, Mnorwei wa Oslo, na kwangu mimi hiyo ndiyo kazi nzuri kuliko zote alizopewa na Wamarekani. Mwaka uliofuata Ridley Scott alimtia kwenye The Martian awe Vogel, mkemia wa Kijerumani. Mwaka 2018, kwenye The Cloverfield Paradox, akawa Mrusi anayefumuka minyoo mwilini. Ukiwa Mnorwei huko, unakuwa mgeni wa taifa lolote linalohitajika siku hiyo. Vogel ana mistari mingi kuliko Tydeus, na bado ukimwondoa Hennie ukaweka mtu mwingine hakuna atakayegutuka.

Kwao ni habari nyingine. Max Manus ya mwaka 2008, ambamo anacheza mpiganaji wa siri dhidi ya Wanazi, iliuza tiketi zaidi ya milioni moja katika nchi ambayo wakati huo haikuwa na watu hata milioni tano. Halafu ikaja Hodejegerne, mwaka 2011. Hapo yeye ni Roger Brown, mtafuta wakurugenzi wa makampuni ambaye kwa siri anaiba michoro ya thamani; mfupi, suti kali, maringo tele. Anawindwa mpaka anajitumbukiza ndani ya choo cha shimo, kichwa na vyote, akipumulia kibomba cha karatasi. Hakuna maneno pale. Unayaona macho yake kabla hajazama, akipiga hesabu kama heshima ina thamani kuliko uhai, na hesabu inakataa.

Ninachosema ni kwamba nguvu ya Hennie iko mwilini, haiko kwenye lafudhi, na mtu aliyeligundua hilo mapema ni yeye mwenyewe. Chuo cha taifa cha uigizaji kilimkataa zaidi ya mara moja kabla ya kumpokea. Mwaka 2004, hajafika hata miaka 30, aliandika Uno, akaiongoza pamoja na John Andreas Andersen, na akajipa nafasi ya David, kijana wa jimu ambaye polisi wanamkamata huku baba yake yuko mahututi. Ili atoke akamwone mzee, inabidi awataje wenzake. Filamu ndogo, haina mbwembwe, na inauma.

Andersen aliendelea: alishika kamera kwenye Hodejegerne, kisha akaongoza Skjelvet na Nordsjøen, filamu kubwa za maafa. Hennie ndiye aliyebaki zaidi mbele ya kamera. Najua mtaniambia Hollywood inalipa, na mtu ana bili zake. Sawa, alipwe. Ila aliyeweza kujiandikia David hana sababu ya kungoja simu ya mtu anayetafuta Mrusi.