Profesa Arudi Thieta Siku Moja kwa Wiki

Mama yangu alipasuliwa tumbo hapa Dar es Salaam na daktari ambaye pia alikuwa mwalimu wa chuo. Asubuhi ya pili alikuja raundi na msururu wa wanafunzi. Mmoja akaanza kusoma faili: "Mgonjwa wa kitanda cha nne..." Profesa akamkatiza. "Anaitwa nani?" Kijana kimya. "Msalimie kwanza, muulize ameamkaje, ndipo tuendelee." Kijana akainama: "Shikamoo mama." Mpaka leo mama husimulia shikamoo ile kuliko kidonda chenyewe.

Miaka michache baadaye daktari yule aliteuliwa kwenye uongozi wa chuo kikuu. Shangazi akasikitika: "Basi tena. Mikono ile inakwenda kusaini mafaili." Uchungu wake naujua, lakini sikubaliani naye.

Tupige hesabu. Daktari akipasua watu watano kila wiki, bila likizo, kwa miaka 30, hafikishi wagonjwa 8,000. Mwaka 2015 tume ya jarida la kitabibu la Lancet ilipendekeza kila watu 100,000 wawe na angalau mabingwa 20 wa upasuaji, dawa za usingizi na uzazi. Sensa ya 2022 ilihesabu Watanzania zaidi ya milioni 61, kwa hiyo tunahitaji mabingwa zaidi ya 12,000. Tuko mbali sana na idadi hiyo, na mikono miwili ya mtu mmoja, hata iwe hodari vipi, haiwezi kuziba pengo hilo.

Bingwa naye haivi upesi. Miaka mitano ya udaktari, mwaka mmoja wa intani, yaani mazoezi ya kazi hospitalini, kisha uzamili. Na upasuaji hausomwi vitabuni pekee. Mwanafunzi huanza kwa kushika vyuma vya kupanulia jeraha mpaka mikono imfe ganzi, baadaye anaachiwa kushona ngozi, na siku moja anakabidhiwa kisu huku mwalimu amesimama mkabala naye, tayari kukipokea. Wanafunzi wakizidi, wa nyuma wanaona migongo ya wenzao tu. Idadi ya wanafunzi hujadiliwa kwenye Seneti, baraza la taaluma la chuo, na kwenye bajeti, na pale ndipo ninapotaka akae mtu aliyewahi kuahirisha oparesheni kwa kukosa damu, akatoka nje kuwaeleza ndugu.

Si jambo geni kwetu. Profesa Philemon Sarungi, bingwa wa mifupa, alifundisha Muhimbili na akafika hadi uwaziri. Profesa Hubert Kairuki, bingwa wa magonjwa ya wanawake na uzazi, alianzisha hospitali Mikocheni, halafu chuo kikuu, mwaka 1997.

Ninachokipinga ni kumfungia ofisini moja kwa moja. Huko vikao huzaa vikao, na baada ya miaka miwili anaamua mambo ya wodi ambayo hajaikanyaga. Mkataba wake uandikwe wazi kwamba Jumatano ni ya thieta na wodi. Siku hiyo naibu wake apokee simu, wageni rasmi wasubiri Alhamisi, na wanafunzi wa mwaka wa tatu wajue pa kumkuta saa moja na nusu asubuhi: kando ya kitanda, akiuliza mgonjwa anaitwa nani.