Rudolph Cartier na dakika zilizonunuliwa kwa filamu

Jumamosi ya tarehe 22 Agosti 1953, Waingereza waliokuwa na televisheni nyumbani waliona zimwi limejibandika ndani ya kanisa la Westminster Abbey. Lilitengenezwa kwa picha ya kanisa iliyokuzwa na kutobolewa matundu mawili, na kwa jozi ya glavu zilizobandikwa majani na vipande vya ngozi. Mwandishi wa tamthilia, Nigel Kneale, alisimama nyuma ya picha hiyo, akaingiza mikono matunduni na kuichezesha. Yote hayo yalirushwa mubashara. Miezi miwili na siku ishirini kabla yake, tarehe 2 Juni, watu walikuwa wamekaa mbele ya televisheni hizo hizo wakitazama Elizabeth wa Pili akitawazwa ndani ya kanisa hilo hilo. Kwa hiyo hapakuwa na haja ya kujenga kanisa. Lilikuwa tayari vichwani mwao.

Tamthilia hiyo, ya sehemu sita, ni The Quatermass Experiment, na aliyeamua itengenezwe hivyo ni mtayarishaji na mwongozaji wake, Rudolph Cartier. Kneale husifiwa sana, na anastahili kila neno. Lakini naamini Cartier hupewa sifa pungufu, na hata hiyo anayopewa mara nyingi si ya jambo lenyewe. Husemwa kwamba alileta ukubwa wa sinema kwenye kioo kidogo. Ukubwa huo ulikuwa matokeo tu. Kazi aliyoimudu kuliko wenzake ni kupanga muda.

Alizaliwa Vienna mwaka 1904, akaanza na usanifu wa majengo kabla ya kuhamia masomo ya uigizaji, ambako Max Reinhardt, mwongozaji mashuhuri wa maigizo, alikuwa mmoja wa walimu wake. Baadaye aliandika miswada ya filamu Berlin, katika kampuni ya UFA. Alikuwa Myahudi. Wanazi waliposhika madaraka mwaka 1933 alikimbia, na mwaka 1935 alikuwa Uingereza. Mama yake aliuawa katika mauaji ya Wayahudi. Alipofika BBC mwaka 1952 alimweleza mkuu wa tamthilia, Michael Barry, bila kuzunguka, kwamba tamthilia zao zilihitaji miswada mipya na njia mpya. Barry akamwajiri.

Ili kuelewa alichofanya, lazima kwanza kuijua kazi yenyewe. BBC ya wakati huo haikutenganisha mtayarishaji na mwongozaji. Mtu mmoja alisimamia mswada, akashika bajeti, akachagua waigizaji na kuwafanyisha mazoezi, kisha usiku wa kurusha akaketi katika chumba cha uongozi mbele ya runinga za ukaguzi, akiita kamera moja baada ya nyingine. Leo kazi hiyo imegawanywa kwa watu wengi. Mgawanyo huo una faida zake, lakini umeondoa jambo moja: anayeamua pesa iende wapi haamui tena picha ipigwe wapi. Kwa Cartier uamuzi huo ulikuwa mmoja.

Sasa tazama shida iliyomkabili. Studio A ya Alexandra Palace, jengo la BBC jijini London, ilikuwa na upana wa takriban mita 9 na urefu wa mita 21, na kamera zake za Emitron zilikuwa za tangu huduma ya televisheni ilipoanza mwaka 1936. Zilikuwa hazioni vizuri bila taa nyingi kali, na hazikuwa na lenzi ya kuvuta picha. Ukitaka uso wa mtu ujae kwenye kioo, kamera nzima ilisukumwa hadi karibu naye, na mara nyingi hapo ndipo kivuli cha maikrofoni kilipoangukia ukutani. Tamthilia ikirushwa mubashara, mwigizaji aliyemaliza onyesho la sebuleni na anayetakiwa kuonekana mtaani usiku akiwa na koti lililochanika, anahitaji muda wa kutembea na wa kuvaa. Kamera nazo zinahitaji muda wa kuhamishwa, na nyaya zao nene zisipande juu ya nyingine. Bila muda huo, mwandishi hulazimika kuweka mazungumzo ya watu wawili wasio na maana katikati, ili mhusika mkuu akimbie nyuma ya pazia. Tamthilia nyingi za enzi hizo zinaonekana nzito kwa sababu hiyo. Waandishi walikuwa wanaandika mazungumzo ya kubadilishia nguo.

Cartier alijaza mianya hiyo kwa vipande vya filamu vilivyopigwa siku au wiki kadhaa kabla. Kila kipande kilifanya kazi mbili: kilimwonyesha mtazamaji mtaa, umati au kiwanda, na wakati huo huo kikampa mwigizaji aliyeko studio sekunde za kubadilika. Wengine walikuwa wametumia filamu kabla yake, ila aghalabu kama pambo la kuonyesha kwamba sasa tuko nje. Yeye aliishona ndani ya hadithi. Mhusika anafungua mlango studio, anatokea upande wa pili kwenye filamu, kisha anaingia chumba kingine studio, na mtazamaji hasikii mshono.

Kushona huko si rahisi. Mashine ya kurusha filamu ilichukua sekunde kadhaa kushika mwendo wake. Mwongozaji alipaswa kuagiza iwashwe wakati mwigizaji bado anazungumza, kwenye neno lililowekwa alama katika mswada. Mwigizaji akiharakisha, maneno yanaisha kabla filamu haijawa tayari, na mtazamaji anabaki akitazama uso usio na la kusema. Akichelewa au akisahau mstari, filamu inaingia juu ya sentensi yake. Halafu kuna nguo: kola iliyokunjwa siku ya kupiga filamu lazima ikunjwe vilevile usiku wa kurusha. Na sauti ya uwanjani haina mwangwi wa studio, kwa hiyo hata picha ikilingana, sikio linaweza kukushtaki. Ndiyo maana mazoezi ya Cartier yalilazimika kushika dakika pamoja na hisia. Ukiona vyaelea, vimeundwa.

Mfano wake mkubwa ni Nineteen Eighty-Four, iliyorushwa Jumapili tarehe 12 Desemba 1954 kutoka Studio D ya Lime Grove, jengo jingine la studio za BBC London, Kneale akiwa ameandaa mswada kutoka kitabu cha George Orwell. Peter Cushing alikuwa Winston Smith, Yvonne Mitchell akawa Julia, na André Morell akawa O'Brien. Ilidumu karibu saa mbili. Bajeti ilikuwa takriban pauni 3,000, kiasi kikubwa kwa tamthilia ya wakati huo, na vipande vya filamu vilianza kupigwa Novemba. Hata muziki haukutoka kwenye santuri. John Hotchkis aliongoza wanamuziki katika studio ya jirani, akifuata maonyesho kwenye runinga. Kuna wanaoona hilo kama maringo, mimi siafiki. Santuri haimsubiri mwigizaji aliyevuta pumzi zaidi ya ilivyopangwa, bali kiongozi wa muziki anayemwona anaweza kumsubiri.

Malalamiko dhidi ya tamthilia hiyo yalifika hadi Bungeni, ambako wabunge waliwasilisha hoja za kuilaani na za kuitetea. BBC haikuahirisha marudio, na marudio maana yake ilikuwa waigizaji wote kurudi studio Alhamisi tarehe 16 na kuicheza upya mwanzo hadi mwisho.

Pesa yake aliitumia kwa mtindo huo huo katika kazi zilizofuata. Kwa Quatermass II ya mwaka 1955 alipeleka kamera za filamu kwenye kiwanda cha mafuta cha Shell Haven, Essex. Mabomba na matangi yale halisi yasingejengeka studio kwa bajeti yoyote ya televisheni. Kwa Quatermass and the Pit, iliyoanza Desemba 1958, shimo la uchimbaji lilipigwa kwa filamu katika studio za Ealing, na sehemu nyingine zikachezwa mubashara Riverside, Hammersmith. Sababu ni ya kawaida kabisa: tope haliwezi kuwekwa na kufagiliwa ndani ya dakika moja, huku maikrofoni ikiwa wazi.

Anayedhani Cartier alijua ukubwa tu aangalie orodha ya miaka ya 1960. Doctor Korczak and the Children ya mwaka 1962, kuhusu daktari Myahudi aliyekwenda kufa na watoto yatima wa kituo chake, aliifanya karibu bila mandhari yoyote. Mtu aliyepoteza mama kwa namna ile hakuhitaji ukuta wa mbao nyuma ya mwigizaji.

Kinachouma ni upotevu. Kurekodi tamthilia kulimaanisha kuelekeza kamera ya filamu kwenye kioo cha runinga maalumu. Kwa The Quatermass Experiment walijaribu sehemu mbili za mwanzo, hawakuridhika na ubora, wakaacha. Katika nakala ya sehemu ya pili mdudu anaonekana akitambaa juu ya picha: alitua kwenye kioo kilichokuwa kikirekodiwa. Sehemu nne zilizobaki, pamoja na kanisa na glavu, hazipo tena.

Nineteen Eighty-Four tuliyo nayo ni ile ya Alhamisi. Ya Jumapili, iliyowasha moto wote ule, haikubaki. Anayeitazama leo asikilize pale sauti inapopoteza mwangwi wa studio, maana hapo filamu imeingia. Ahesabu sekunde za kipande hicho, halafu amkague Cushing anaporudi: nguo, nywele, pumzi.