Uprofesa haufungui mfereji wa Hazina
Mwandishi mmoja anadai fedha za kaunti zitawahi iwapo Hazina, yaani wizara ya fedha ya Kenya, itapewa tena profesa wa uchumi awe waziri. Sikubaliani naye. Profesa Njuguna Ndung'u, aliyekuwa gavana wa Benki Kuu 2007 hadi 2015, aliishika Hazina 2022 hadi 2024 na mgao ulichelewa vilevile. Sheria yataka fedha hizo zitoke ndani ya siku 15 za mwanzo wa robo mwaka, kisha Mdhibiti wa Bajeti aidhinishe zichotwe. Lakini kodi ikipungua, deni la taifa hutangulia, kaunti zikangoja. Hapa Lamu utayaona matokeo gatini: boti ya wagonjwa imefungwa kamba, tangi tupu, muuza petroli keshafunga daftari la mkopo. Ndugu wa Malindi, zahanati zenu huvukaje miezi hiyo?