Kuitetea The Cocoanuts na Kamera Yake Isiyotembea

Wapo wapenzi wa filamu za zamani wanaoibeza The Cocoanuts, filamu ya kwanza ya sauti ya ndugu wa Marx, wachekeshaji wa Kimarekani wakiwemo Groucho, Chico na Harpo, iliyotolewa na kampuni ya Paramount mwaka 1929, wakidai kwamba ni tamthilia tu iliyowekewa kamera mbele yake. Dai hilo lina ukweli mwingi, ila sioni kwa nini lihesabiwe kuwa aibu.

Tamthilia yenyewe, iliyoandikwa na George S. Kaufman na kutiwa nyimbo na Irving Berlin, ilianza kuoneshwa Broadway, mtaa wa kumbi za tamthilia jijini New York, Desemba 1925, Wamarekani walipokuwa wakigombania viwanja vya Florida ambavyo wengi wao hawakuwa wamevitia machoni. Filamu ilipotoka, biashara hiyo ilikwishaporomoka, na kimbunga cha mwaka 1926 kilikuwa kimeimalizia. Kwa hiyo Groucho, anayeigiza mwenye hoteli asiyelipa wafanyakazi wake huku akinadi viwanja kwa maneno matamu, aliwachekesha watu waliokwishajua mwisho wa udalali wa namna ile.

Filamu ilipigwa katika studio za Astoria, Queens, humo humo New York, mchana, na jioni ndugu hao walikwenda Broadway kucheza tamthilia nyingine. Kamera za wakati huo zilifungiwa ndani ya vibanda ili mngurumo wake usinaswe na maikrofoni, na ndiyo sababu hazitembei. Hata karatasi zilisumbua, kwa kuwa mchakacho wake ulifunika sauti za waigizaji, hivyo zikaloweshwa maji. Mtazame Groucho akimfunulia Chico ramani ya viwanja, uone inavyoning'inia kama nguo iliyotoka kwenye beseni.

Lakini kamera iliyotulia imetuhifadhia kitu ambacho ukataji mwingi wa picha ungekiharibu, yaani mwendo wa mzaha ulionolewa mbele ya watazamaji halisi usiku baada ya usiku. Katika mnada wa viwanja, Groucho amepatana na Chico apandishe bei ili wengine wamfuate. Chico anaipandisha kweli, kisha hajui kuacha, anawazidi wanunuzi wote na hatimaye anajizidi mwenyewe. Kichekesho kiko katika kasi ya kujibizana kwao, na kasi hiyo ni ya jukwaani.

Kasoro ninayoiona mimi iko kwingine. Oscar Shaw na Mary Eaton, wapenzi wa hadithi hii, wanaimba kwa utamu unaochosha, na kila wanapotokea natamani Groucho aingie awafukuze. Tena, kwa kuwa studioni hapakuwa na umati wa kusubiriwa umalize kucheka, mzaha mmoja huumeza mwingine, na mtazamaji aliyeangua kicheko hukosa maneno mawili matatu yanayofuata.

Harpo hana shida hiyo, kwa sababu hasemi lolote. Katika mwaka ambao studio zilihangaika kutafuta waigizaji wenye sauti nzuri, yeye anasimama mapokezi akinywa wino na kuitafuna simu, kimya, na sielewi mtu anawezaje kuitazama sehemu hiyo kisha akasema filamu hii haikujua ifanye nini na sauti. Anayeitazama leo kwa mara ya kwanza anaweza kuziruka nyimbo za wale wapenzi wawili bila hasara yoyote, ila Harpo anapokaa kwenye kinubi chake asiruke.